Walimu wa Chombo na Hesabu ya Mwaka

Katika zama ambazo majahazi yaliondoka Hormuz na Shihri kwa pepo za kaskazi, yakaja kushusha tende, vyungu na nguo katika bandari za Malindi, Mombasa na Kilwa, aghalabu palikuwamo ndani ya vyombo vikubwa mtu ambaye hakuwa mwenye mali wala nahodha, wala hakuvuta kamba, lakini kauli yake katika jambo la njia ilitangulia kauli ya wote. Naye ni mwalimu wa chombo. Watu hawa hawakuwa na chama chenye hati wala nyumba ya kukutania, ila walifungamana kwa silsila ya elimu iliyotoka kwa baba ikaenda kwa mwana, kiasi kwamba Ahmad ibn Majid wa Julfar, aliyekuwa mashuhuri kuliko wote katika karne ya 15, alikuwa mwalimu, mwana wa mwalimu, mjukuu wa mwalimu, na hakuona haya kuyasahihisha waziwazi aliyoyaandika babaye juu ya Bahari ya Shamu.

Elimu yao, nionavyo mimi, ilikuwa elimu ya wakati kabla ya kuwa elimu ya maji. Njia waliipima kwa zamu, nayo zamu ni mwendo wa chombo kwa muda wa saa tatu, zamu nane zikitimiza usiku na mchana. Basi aliyeuliza umbali wa bandari alijibiwa kwa saa, na bahari nzima ikawa imeandikwa vifuani mwao kwa muda wa kuivuka.

Na jambo lililokuwa gumu kuliko yote lilikuwa kuijua siku ya kung'oa nanga. Mwaka wa Hijra, ambao kwao Waislamu hufunga na kuhiji, una siku 354, kwa hiyo Ramadhani huweza kuangukia katika kaskazi kwa miaka kadhaa, kisha ikaja ikaangukia katika kusi, ilhali pepo zenyewe hufuata jua, hazifuati mwezi. Ndipo mabaharia wakaushika mwaka wa Nairuzi, wenye siku 365 zinazohesabiwa mfululizo tangu ya kwanza hata ya mwisho, na Ibn Majid katika kitabu chake kikubwa, Kitab al-Fawa'id, akaeleza misimu ya safari kwa kutaja siku ya ngapi ya Nairuzi. Watu wa pwani yetu waliigawa hesabu hiyohiyo kwa miongo, kila mwongo siku kumi, miongo 36 na siku tano za ziada. Mkulima akajua kwayo wakati wa kupanda na baharia wakati wa kutweka. Lakini kwa kuwa mwaka huo hauna ile robo ya siku, Siku ya Mwaka hurudi nyuma siku moja kila miaka minne: katika enzi za Ibn Majid ilikuwa mwezi wa Novemba, na leo watu wa Makunduchi, Unguja, huisherehekea mwezi wa Julai. Kwa miaka 40 hupotea mwongo mzima, hata mwana aliyelifuata daftari la babu yake pasipo kulisahihisha angeliweza kutoka bandarini siku ambayo bahari ilikwisha kufungwa.

Usiku, mwalimu alitwaa kamal, nacho ni kibao kidogo cha mti kilichotobolewa katikati na kupitishwa uzi wenye mafundo; fundo alilibana kwa meno, akakisogeza kibao mbele mpaka uzi ukakaza, ukingo wa chini ukagusa upeo wa bahari na ukingo wa juu ukaigusa nyota ya Jaa, na hapo akajua nyota imesimama vidole vingapi. Akiteremka kusini kuelekea Sofala, Jaa ilizama, akazitegemea nyota za Farakadi na Naashi.

Umezuka ugomvi mrefu juu ya jina la mwalimu aliyemwongoza Vasco da Gama kutoka Malindi mwaka 1498, na mstashiriki wa Kifaransa, Gabriel Ferrand, aliitia nguvu kauli ya kwamba ni Ibn Majid, ingawa Wareno wenyewe waliandika kuwa ni mtu wa Gujarat, na kauli yao ndiyo ninayoikubali. Nasikitika kuwa elimu ya umma mzima wa mabaharia imefinywa ndani ya suala hilo moja, ilhali safari yenyewe ina ushahidi ulio bora zaidi wa elimu hiyo. Walitweka tarehe 24 Aprili, kusi ikianza, wakatia nanga karibu na Calicut tarehe 20 Mei, siku 26 tu. Wakati wa kurudi hawakuungoja msimu. Waliondoka kisiwa cha Anjediva tarehe 5 Oktoba, kaskazi haijashika, wakazuiwa na shwari na pepo za mbele, wasiione pwani ya Mogadishu mpaka tarehe 2 Januari 1499, baada ya siku 89 katika bahari ileile. Kiseyeye kiliwaua watu wapatao 30 njiani. Waliosalia hawakutosha kuendesha merikebu tatu, hivyo walipofika mbele ya Mtangata, karibu na Tanga, wakaipakua São Rafael, wakaitia moto, wakaendelea na safari kwa merikebu mbili.