Kuongezewa muda wa kukata rufani (migogoro ya ardhi, Tanzania)

Kuongezewa muda ni ruhusa ya mahakama kwa mdaawa aliyechelewa kukata rufani. Kwa mujibu wa Sheria ya Mahakama za Migogoro ya Ardhi (Sura ya 216), anayepinga uamuzi wa Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya katika shauri lililoanzia hapo ana siku 45 za kwenda Mahakama Kuu. Siku hizo zikipita, huomba kwanza muda, akiambatanisha hati ya kiapo yenye sababu za msingi.

Kiapo ndicho roho ya maombi. Mahakama ya Rufani imesisitiza kwamba kila siku ya kuchelewa itolewe maelezo, hata ikiwa moja. Aliyelazwa wiki mbili aeleze pia siku zilizofuata baada ya kuruhusiwa. Cheti cha hospitali pekee hakizifuniki. Aliyesubiri nakala ya hukumu aoneshe barua ya kuiomba, yenye mhuri wa kupokelewa. Vigezo vinavyotajwa zaidi vimo katika shauri la Lyamuya Construction dhidi ya wadhamini wa YWCA (maombi Na. 2 ya 2010): kutolea maelezo muda wote wa kuchelewa, kutochelewa kupita kiasi, bidii, na sababu nyingine nzito, kama uharamu ulio wazi katika uamuzi unaopingwa.

Uzembe wa wakili kwa kawaida haukubaliki kuwa sababu. Hapo sheria humwangukia vibaya mkulima aliyelipa ada akaamini rufani imeshafunguliwa, kumbe shamba linakaribia kukabidhiwa mwingine.