Subpoena, indict, lien, caveat: yanatamkwaje, na yana maana gani?

Karatasi ya Kiingereza ikifika nyumbani, mara nyingi mtoto wa sekondari ndiye anayeitwa aisome. Tangu mwaka 2021 sheria ya Tanzania inakitambua Kiswahili kuwa lugha ya mahakama, lakini karatasi za namna hiyo bado zinawafikia wasikilizaji wetu, na zina maneno ambayo hata mwalimu wa mtoto huyo hakutani nayo kila siku. Leo tumechagua manne.

Subpoena hutamkwa "sapina", mkazo ukiwa kwenye "pi". Herufi b na o hazisikiki. Limetoka kwenye Kilatini, maana yake "chini ya adhabu". Ni amri ya kumwita mtu atoe ushahidi au alete nyaraka, ile tunayoiita samansi ya shahidi. Ukiipokea usiikimbie kwa kudhani umeshtakiwa. Unaitwa kama shahidi. Usipokwenda bila sababu ya msingi, hapo ndipo unapojitafutia kosa, maana adhabu imo ndani ya neno lenyewe.

Indict ni "indait". Sisi wenyewe tuliwahi kulisoma "indikti" hewani, simu zikaita asubuhi nzima! Maana yake ni kumshtaki mtu rasmi kwa kosa la jinai. Herufi c iliongezwa baadaye ili neno lifanane na Kilatini, ila matamshi yakabaki yale ya zamani. Ndivyo ilivyokuwa kwa b ya debt, yaani deni, linalotamkwa "det".

Lien hutamkwa "liin". Ni haki ya kushikilia mali ya mtu mpaka alipe. Fundi aliyetengeneza pikipiki yako akikataa kukupa kabla hujamlipa kazi aliyofanya, anachodai ni hicho.

Caveat, "kaviat", mkazo mwanzoni, kwa Kilatini ni "na ajihadhari". Kwenye ardhi ni zuio linalowekwa kwa msajili wa hati na mtu anayedai ana haki katika kiwanja au shamba hilo. Muuzaji anaweza kukuonyesha hati safi kabisa mkononi, kumbe zuio liko kwenye daftari la msajili. Kwa hiyo kabla ya kutoa hata shilingi ya utangulizi, omba upekuzi rasmi katika ofisi ya msajili wa hati. Jibu likija na neno hilo, usilipe kwanza. Uliza nani ameliweka, na anadai nini.