Usukani Huhamishwa, Mlango Hubaki: Sheria na Magari ya Biashara Yaliyobadilishwa Kisangani

Magari mengi ya biashara ya Kisangani huja kwa barabara ya taifa namba 4, kutoka mpaka wa Kasindi kupitia Beni, Mambasa, Nia-Nia na Bafwasende. Nchi yalikopita, Kenya na Uganda, huendesha upande wa kushoto. Kongo huendesha kulia. Gari lililotumika Japani, likashushwa Mombasa, hufika kwetu usukani ukiwa upande usiofaa. Mwaka 2007 serikali ya Kinshasa ilipiga marufuku magari ya usukani wa kulia. Soko lilijibu kwa njia yake: usukani ukahamishwa.

Naona kosa la marufuku hiyo ni kutazama usukani peke yake. Basi dogo la Toyota HiAce lililoundwa kwa barabara za Japani lina mlango wa abiria upande wa kushoto. Fundi hodari atahamisha usukani, pedali na dashibodi, lakini mlango utabaki pale pale. Kwetu, ambako gari husimama ukingo wa kulia, mama mwenye mtoto mgongoni atashuka katikati ya barabara, pikipiki zikija kwa kasi nyuma yake. Taa nazo ziliundwa kuelekeza mwanga upande wa kushoto. Hapa humpiga machoni dereva anayekuja mbele. Kuna pia kiungo cha breki, kilichokatwa na kuchomelewa upya bila mtu mwingine kukipima. Gari hilo limetii amri, na bado ni hatari.

Usukani si mfano pekee. Kinshasa inayajua mabasi ya Mercedes 207 yanayoitwa "esprit de mort", roho ya mauti: magari ya mizigo yaliyotobolewa madirisha na kufungwa mabenchi. Kwenye njia ya Bafwasende, malori huongezewa springi na kuinuliwa kingo ili yabebe zaidi, kisha hupita juu ya madaraja yaliyojengwa kwa uzito mwingine.

Kanuni zetu za barabarani ni sheria namba 78-022 ya tarehe 30 Agosti 1978. Tangu wakati huo gari la mitumba limekuwa ndilo la kawaida, na karakana imekuwa kiwanda cha pili. Dereva akisimamishwa huonyesha karte roze (kadi ya usajili wa gari), bima na vinyeti (stika ya kodi ya gari). Karatasi hizi huthibitisha kwamba amelipa. Hazithibitishi kwamba gari lililosimama pale ndilo lililoandikwa. Usajili ni kazi ya serikali kuu, na kodi ya magari ni ya majimbo kwa kifungu cha 204 cha Katiba ya 2006. Katikati ya mamlaka hizo mbili gari lililobadilishwa hupita bila kuulizwa.

Anayeumia zaidi ni abiria. Bima ya dhima kwa wengine ni ya lazima tangu amri-sheria namba 73-013 ya 5 Januari 1973, na sheria ya 2015 ilifungua soko lililokuwa la SONAS, kampuni ya bima ya serikali, peke yake. Lakini bima husimama juu ya maelezo ya kweli ya hatari. Ikiwa gari liliandikwa la mizigo na ajali imewakuta watu kumi na watano ndani yake, kampuni imepewa sababu ya kubishana na majeruhi walioko hospitali.

Wapo wanaosema kwamba udhibiti mkali utawafungia kazi mafundi na kupandisha nauli. Hoja hiyo ina uzito katika mji ambao wengi husafiri kwa toleka (baiskeli za abiria) na pikipiki kwa kukosa mabasi. Ndiyo maana sitetei marufuku nyingine. Kenya, kwa Sheria ya Trafiki, Sura ya 403, humtaka mwenye gari amjulishe msajili maelezo ya gari yanapobadilika. Jimbo letu la Tshopo linahitaji utaratibu wa namna hiyo: fundi atie saini kwa kazi aliyoifanya, mkaguzi apime breki, taa na mlango, kisha karte roze iandikwe upya kwa ada isiyomshinda mwenye basi moja. Fundi mzuri atafaidika, kwa kuwa jina lake litakuwa kwenye karatasi.

Bunge la taifa lirekebishe sheria ya 1978 katika jambo hili. Wakati tukisubiri, serikali ya jimbo ianze na magari ya abiria, na cha kwanza kukaguliwa kiwe upande wa mlango.