Mpiga Gitaa wa Magazine

Pale Ole tulimsikia Ikhwani Safaa kwa redio, usiku, baada ya betri kuanikwa juani mchana kutwa ili zirudishe nguvu. Sikuwaza kwamba siku moja nitakutana na sauti zilezile kwenye santuri iliyotolewa London, wala kwamba mmoja wa waliozinasa alitoka katika bendi ya Manchester.

Bendi yenyewe iliitwa Magazine. Howard Devoto aliiunda mwaka 1977, baada ya kuiacha Buzzcocks. Panki ilikuwa muziki wa mbio na hasira. Devoto aliibakisha hasira, mbio akazipunguza. Kinanda cha Dave Formula kinatanda kama wingu la masika, besi ya Barry Adamson inatembea njia yake, na gitaa la John McGeoch linakata kisha linanyamaza. Mimi naipenda zaidi The Correct Use of Soap ya 1980. Humo kila chombo kina mahali pake, hakuna anayemfunika mwenzake.

Mwaka huohuo McGeoch akaondoka. Akaingia Robin Simon, naye hakukaa. Ndipo alipokuja Ben Mandelson, nyumba imeshaanza kuvuja. Alipiga katika santuri moja tu, Magic, Murder and the Weather. Devoto akajitoa 1981 na bendi ikavunjika. Wengi huiona santuri hiyo dhaifu. Hata mimi.

Mandelson hakuishia hapo. Alishiriki kuanzisha GlobeStyle, kampuni ndogo ya santuri, na mwishoni mwa miaka ya 1980 ikatoa mfululizo wa taarab ya Zanzibar. Ikhwani Safaa wamo, kikundi cha tangu 1905, na Culture Musical Club pia. Kanuni, fidla, akodioni: kila kimoja unakisikia kikivuta pumzi. Kaseti zetu zilikuwa nakala ya nakala, mvumo mtupu. Usafi huo wa sauti ulipitia madukani Ulaya kabla ya kunifikia mimi, na jambo hilo linanifurahisha na kunichoma.

Nilimsikilizisha mzee mmoja jirani, kwa simu. Alifumba macho mpaka wimbo ukaisha.

"Na kibati chetu, mwanangu, kimo?"

"Hakimo, babu."

Akaniambia nirudie ule ule.