Kilio Ndani ya Kicheko: Chaplin na Filamu za Mikanda Miwili

Wengi husema Charlie Chaplin alifunganisha kicheko na huzuni mwaka 1921, alipotoa The Kid, filamu ndefu ya kwanza aliyoiongoza. Hesabu hiyo inazidhulumu filamu fupi zilizotangulia. Katika The Tramp ya mwaka 1915, mzururaji anamwokoa binti wa mkulima, anapigwa risasi mguuni, kisha mchumba wa binti anatokea. Mzururaji anaacha barua na kushika njia peke yake. Watazamaji wa wakati huo walizoea vichekesho vya kukimbizana na kupigana mateke.

Ushahidi mzito zaidi ni The Immigrant, iliyotolewa na kampuni ya Mutual Juni 1917. Wahamiaji wanaiona Sanamu ya Uhuru kutoka melini, na papo hapo maofisa wanawazungushia kamba kama mifugo. Februari ya mwaka huohuo Bunge la Marekani lilikuwa limepitisha, licha ya kura ya turufu ya Rais Woodrow Wilson, sheria ya kuwapima wahamiaji uwezo wa kusoma. Baadaye, mgahawani, Charlie anakutana tena na msichana waliyesafiri pamoja, anayeigizwa na Edna Purviance. Anachangamka, mpaka anapokiona kitambaa cha mkononi cha msichana huyo chenye ukingo mweusi. Mama aliyekuwa naye melini amefariki, na kitambaa chenyewe kinatosha kutoa habari. Mara mteja aliyepungukiwa senti 10 anashushiwa kipigo na wahudumu, na Charlie anagundua kwamba sarafu yake imepenya tundu la mfuko. Tunacheka kwelikweli, ila sasa tunawajua walioketi mezani.

Wapo watakaosema huzuni hiyo ilibandikwa tu. Ni kweli: picha ghafi zilizoonyeshwa na Kevin Brownlow na David Gill mwaka 1983 katika makala ya filamu Unknown Chaplin zinathibitisha kwamba Chaplin alianza na mgahawa, meli ilikuja baadaye. Lakini kwangu hilo linamtetea. Mutual ilimlipa dola 670,000 kwa mwaka, kwa mkataba wa filamu 12, na kichekesho cha mgahawani kingeuzika bila nyongeza. Hakuridhika nacho mpaka alipowatafutia watu wake walikotoka. Aliyebandika kwa mzaha asingejisumbua hivyo. Mwaka 1998 filamu hiyo iliingizwa katika Orodha ya Taifa ya Filamu ya Marekani. Anayetaka kuielewa The Kid aanzie hapo.