Duka Mwenyewe Akifiwa: Desturi za Wafanyabiashara wa Nairobi

Maduka ya mwanzo ya bazaa ya Nairobi, yaliyofuata reli mwaka 1899, yalikuwa ya familia za Kihindi, na wengi walilala humo humo dukani. Mwenye duka akiugua, au akirudi Gujarat kumuuguza mzazi, ndugu yake alishika mizani na wateja hawakukosa bidhaa. Ila jamaa na mali vilipokaa pamoja, viliumia pamoja: tauni ilipozuka mwaka 1902, bazaa ikachomwa kwa amri ya serikali, na makazi yakateketea pamoja na maduka.

Wafanyabiashara Waafrika waliingia katikati ya mji kwa wingi baada ya sheria ya leseni ya mwaka 1967 kuwabana wasio raia. Jamaa zao walikuwa mashambani. Kufiwa kulimaanisha kufunga duka, kusafirisha maiti na kukaa nyumbani siku kadhaa, huku kodi ikiendelea kuhesabiwa. Pengo hilo lilizibwa na watu wa kwao waliokuwa mjini: kwanza vyama kama Luo Union, kisha kamati za mazishi zilizokutana jioni hotelini. Mweka hazina aliandika daftarini majina, na mbele ya kila jina kiasi kilichoahidiwa na kilichotolewa. Daftari hilo lilitunzwa, kwa kuwa kila aliyechangiwa alitarajiwa kuchanga zamu ya mwenzake ikifika.

Mambo huwa magumu zaidi anapokufa mwenye duka mwenyewe. Chini ya Sheria ya Urithi, iliyoanza kutumika Julai 1981, hakuna ruhusa ya kugusa mali ya marehemu kabla mahakama haijatoa hati ya usimamizi. Maombi hutangazwa katika Gazeti Rasmi, pingamizi husubiriwa siku 30, na kwa kawaida hati huthibitishwa baada ya miezi 6. Akaunti ikiwa ya marehemu peke yake, benki huizuia, na wauzaji wa jumla hawawezi kulipwa. Ni dhiki inayoepukika: akaunti ya pamoja benki, au kampuni iliyosajiliwa, huweza kuiokoa biashara. Hata hivyo wenye maduka wengi huona kulizungumza jambo hilo ni kujitabiria kifo.

Katika mitaa kama Kawangware na Kangemi, mwenye kibanda humwachia jirani ufunguo. Jirani huuza nyanya kabla hazijaoza, na pesa za mwenzake huziweka kando. Tangu M-Pesa ianze mwaka 2007, mchango wa hospitali hufika kabla mgonjwa hajalazwa, lakini wa kufungua kibanda alfajiri bado ni jirani. Kwa hiyo chama cha akina mama sokoni huwa na kazi mbili, kuchanga na kushika zamu. Vyama vingi vimeandika katiba inayotaja nani akifariki mwanachama atasaidiwa: mume au mke, watoto, wazazi. Kuhusu wakwe, mjadala haujaisha.