Taa ya injini ikiwaka bara, usikimbilie kununua sensa

Juzi nilitoka Mombasa kwenda Kakamega kumtazama dada yangu. Nikiwa huko taa ya injini ikawaka, gari likatoa moshi mweusi na kunywa petroli kupita kiasi. Fundi wa kwanza akaunganisha kompyuta, ikatoa nambari ya kosa P0108. Akataka ninunue sensa mpya ya presha ya manifoldi. "Inasoma 85, kitabu kinasema 101," aliniambia.

Hapo ndipo watu wa pwani tunapoliwa pesa. Ufuoni presha ya hewa ni kama kilopaskali 101. Kakamega iko zaidi ya mita 1,500 juu ya bahari, na huko 85 ndiyo sawa. Swichi ikiwa imefunguliwa na injini haijawashwa, sensa ilikuwa inasema kweli.

Fundi wa pili aliwasha injini. Bila kukanyaga mafuta, injini nzima husoma kati ya 30 na 40 hivi. Yangu ilisoma 60. Akafuata mpira mwembamba utokao kwenye manifoldi hadi kwenye sensa, akaukuta umepasuka. Hewa ikiingia hapo, kompyuta hudhani injini ina mzigo mzito, ikaongeza mafuta. Tukabadilisha mpira, tukafuta kosa, moshi ukaisha. Alhamdulillah.

Mpira ukiwa mzima, pima nyaya: mmoja uwe na volti 5, wa pili uwe wa bodi, wa tatu hupeleka ishara. Ndugu zangu, sensa inunuliwe mwisho, si mwanzo.